Jinsi ya Kufuatilia Muswada wa Sheria Bungeni na Kutoa Maoni Yatakayofanyiwa Kazi

Tarehe 15 Julai 2021, watumiaji wa huduma za fedha kwa simu nchini Tanzania walianza kukatwa tozo mpya kila walipotuma au kutoa pesa, na malalamiko yakatanda nchi nzima. Tozo hiyo haikuzuka siku hiyo. Ilikuwa imetangazwa katika hotuba ya bajeti ya mwezi Juni, kwa viwango vya kati ya shilingi 10 na shilingi 10,000 kwa muamala, ikaingizwa katika Muswada wa Sheria ya Fedha, ikapita mbele ya Kamati ya Bunge, ikajadiliwa ukumbini na kupitishwa. Malalamiko yaliyofuata hayakuwa bure, kwa sababu viwango vilipunguzwa kwa asilimia 30 mwaka huohuo, lakini ilibidi mamilioni ya watu wakatwe kwanza ndipo wasikike. Mwongozo huu ni kwa ajili ya mwananchi, kikundi, chama cha wafanyabiashara au asasi inayotaka kusikika kabla sheria haijapita. Unahusu Bunge la Jamhuri ya Muungano wa Tanzania, na kwa kiasi kikubwa unahusu hatua moja ya safari ya muswada, yaani Kamati, kwa kuwa hapo ndipo maneno ya muswada hubadilishwa kwa urahisi kuliko mahali pengine popote.

Haki ya kufanya hivyo hatuombi kwa hisani. Ibara ya 21(2) ya Katiba ya mwaka 1977 inampa kila raia haki na uhuru wa kushiriki kwa ukamilifu katika kufikia uamuzi juu ya mambo yanayomhusu yeye, maisha yake au yanayolihusu Taifa. Ni vyema kuitaja ibara hiyo katika barua yako ya kwanza, kwa heshima na bila kufoka.

Muswada unakotoka

Miswada karibu yote inayopitishwa Dodoma huletwa na Serikali. Mbunge anayo haki ya kuwasilisha Muswada Binafsi, na Kamati nayo inaweza kuleta wake, lakini njia hizo hutumika mara chache. Kwa kawaida jambo huanzia wizarani, ambako wataalamu huandaa mapendekezo na kuzungumza na wadau wanaowafahamu. Kisha huandikwa Waraka wa Baraza la Mawaziri, unaochambuliwa na Makatibu Wakuu kabla ya kufika mezani kwa Rais na Mawaziri wake. Baraza likiridhia, kazi ya kuandika muswada wenyewe hufanywa na Mwandishi Mkuu wa Sheria.

Kinachopaswa kukumbukwa hapa ni kwamba muswada unapotua Bungeni tayari una mwenyewe, naye ni Waziri ambaye Baraza la Mawaziri limekwisha kumpa baraka. Kwa hiyo kuufuta wote ni jambo gumu mno, ilhali kurekebisha ibara tatu au nne ni jambo linalowezekana na hufanyika kila mara. Anayejipanga kupinga muswada wote kwa jumla, bila kupendekeza lolote, mara nyingi huishia kusikilizwa kwa adabu na kuachwa. Ikiwa kikundi chako kina mazoea ya kukutana na wizara husika, wasilisheni maoni yenu mapema katika hatua hii ya wizarani, kwani Waziri ambaye bado hajaenda Baraza la Mawaziri ana nafasi kubwa zaidi ya kubadili msimamo.

Kuupata na kuusoma

Muswada huchapishwa katika Gazeti la Serikali kabla ya kuingizwa Bungeni, na Gazeti hilo hutoka kila Ijumaa. Siku hizi miswada huwekwa pia kwenye tovuti ya Bunge. Mtu mmoja katika kikundi apewe jukumu la kuangalia mahali hapo pawili kila wiki, na jukumu hilo liwe na jina lake, kwa sababu kazi ya wote huwa si kazi ya mtu yeyote.

Ukishaupata, anza na kurasa za mwisho. Kila muswada huambatana na Madhumuni na Sababu, maelezo mafupi yanayosema kila sehemu inakusudia nini. Yasome, kisha rudi mwanzo, lakini usiyaamini peke yake, maana yanaeleza nia na hayaonyeshi athari. Baada ya hapo tafuta ibara za aina nne. Ya kwanza ni ibara ya tafsiri, kwa sababu neno moja likitafsiriwa kwa upana linaweza kumwingiza katika sheria mtu ambaye hakuna aliyemfikiria. Ya pili ni ibara za makosa na adhabu. Angalia kama adhabu inalingana na kosa na kama imewekwa kima cha chini kinachomnyima hakimu uhuru wa kupima. Ya tatu ni ibara inayompa Waziri mamlaka ya kutunga kanuni, ambayo nitaizungumzia tena mbele. Ya nne ni ibara ya matumizi, inayosema kama sheria itatumika Tanzania Bara pekee au na Zanzibar pia. Zanzibar ina Baraza la Wawakilishi linalotunga sheria kwa mambo yasiyo ya Muungano, na mambo ya Muungano yameorodheshwa katika Nyongeza ya Kwanza ya Katiba. Msomaji aliyeko Unguja au Pemba asimalize siku tano akichambua muswada ambao haumgusi.

Miswada ya marekebisho inahitaji subira zaidi. Yenyewe haijieleweshi, kwa sababu husema tu kwamba Sheria Kuu inarekebishwa katika kifungu fulani kwa kufuta maneno fulani na kuweka mengine badala yake. Lazima uiweke Sheria Kuu pembeni, uandike kifungu kizima kama kitakavyosomeka baada ya mabadiliko, ndipo ukisome. Hakikisha unatumia toleo lililo sahihi: Toleo la Urekebu la Mwaka 2023, yaani mkusanyiko wa sheria za nchi uliorekebishwa upya, lilianza kutumika tarehe 1 Julai 2025, na anayenukuu kutoka kwenye nakala ya zamani anaweza kujikuta anazungumzia kifungu kingine kabisa.

Uwe macho hasa na Muswada wa Marekebisho ya Sheria Mbalimbali. Jina lake halimwambii mtu chochote, ilhali ndani yake mnaweza kuwa na mabadiliko ya sheria nane zisizohusiana. Mwezi Juni 2019 muswada wa aina hiyo uligusa kwa mkupuo sheria za makampuni, mashirika yasiyo ya kiserikali, takwimu na filamu, pamoja na nyingine, nao uliletwa kwa Hati ya Dharura, ambayo hufupisha taratibu za kawaida. Wadau walikuwa na siku chache tu za kusoma, kukubaliana na kusafiri. Kwa maoni yangu njia hiyo haifai kwa sheria zinazogusa uhuru wa watu kukutana na kujiunga, lakini ipo kikanuni, na anayeifuatilia Serikali hana budi kujiandaa nayo: awe na wanasheria wa kujitolea anaoweza kuwapigia simu usiku, na awe na kumbukumbu ya msimamo wa kikundi chake kuhusu sheria zinazomgusa hata kabla muswada haujaonekana.

Kamati

Muswada unaposomwa kwa Mara ya Kwanza, hakuna mjadala. Katibu husoma jina lake tu, na jambo hilo huisha kwa muda mfupi kiasi kwamba asiyekuwa makini hatajua limepita. Hata hivyo ndiyo kengele ya kuanza kazi, kwa sababu Spika huupeleka muswada kwenye Kamati ya Kudumu inayohusika na sekta hiyo, na Kamati hutangaza siku ya kupokea maoni ya wadau. Mara nyingi Kamati hukutana Dodoma katika wiki zinazotangulia Mkutano wa Bunge. Tangazo la kualika wadau hutolewa kwa muda mfupi, na hueleza mahali, siku, saa na namna ya kuwasilisha maoni kwa maandishi kwa wasioweza kufika.

Usisubiri tangazo ndipo uanze kuandika. Mara tu muswada unaposomwa kwa Mara ya Kwanza, mwandikie Katibu wa Bunge barua ya ukurasa mmoja kuomba kikundi chako kialikwe, ukitaja jina la muswada, ibara zinazokuhusu na idadi ya watu unaowawakilisha. Makatibu wa Kamati, ambao ni watumishi wa Ofisi ya Bunge na si wabunge, ndio wanaoandaa orodha ya wanaoalikwa na kukusanya nyaraka. Wao ni watu wa kufahamiana nao kwa adabu na kuwapelekea nyaraka safi kwa wakati.

Kamati haina haraka ya ukumbini. Wajumbe ni wachache, Waziri au Naibu wake yupo, wataalamu wa wizara wapo, Mwandishi wa Sheria yupo, na wote wanaweza kusimama kwenye neno moja kwa nusu saa. Ndiyo maana nasisitiza hatua hii kuliko zote. Marekebisho mengi yanayoingia katika sheria huletwa na Serikali yenyewe, katika Jedwali la Marekebisho, baada ya Waziri na Kamati kuafikiana. Yale ambayo Mbunge mmoja huyaleta ukumbini dhidi ya matakwa ya Waziri hushindwa mara nyingi. Mtu anayetaka ibara ibadilike anapaswa kuwashawishi wajumbe wa Kamati ili nao wamshawishi Waziri, na mazungumzo hayo yamekwisha siku nyingi kabla kamera hazijawashwa.

Kamati inaweza pia kuupunguzia muswada kasi. Muswada wa Sheria ya Bima ya Afya kwa Wote ulisomwa kwa Mara ya Kwanza mwezi Septemba 2022, lakini haukupitishwa katika mkutano uliofuata kama ilivyotarajiwa. Ulikaa katika mashauriano, hasa juu ya chanzo cha uhakika cha fedha za kuwagharamia wasio na uwezo, ukapitishwa mwezi Novemba 2023. Swali lililouchelewesha lilikuwa moja na la wazi: nani atalipa, na kutoka mfuko upi. Swali la aina hiyo, likiulizwa kwa takwimu na kwa ustaarabu, lina uzito kuliko hotuba ya saa nzima.

Namna ya kuyaandika maoni

Wajumbe hupokea makabrasha kutoka kwa wadau wengi ndani ya siku moja au mbili. Maoni yako yawe na kurasa chache, yaanze na maelezo ya aya moja kuhusu ninyi ni akina nani, kisha yaingie moja kwa moja kwenye jedwali lenye safu nne: namba ya ibara, maneno yaliyomo, maneno mnayopendekeza, na sababu. Safu ya tatu ndiyo inayorukwa na wengi, na ndiyo inayowafaa wajumbe zaidi, kwa sababu Mwandishi wa Sheria hawezi kuandika manung’uniko, anaandika maneno.

Tuchukue mfano wa kutunga. Ibara ya 14 ya muswada inasema: “Waziri anaweza, kwa kadiri atakavyoona inafaa, kuweka ada za leseni.” Kikundi cha wasafirishaji kinaweza kuandika kwamba ibara hii inampa Waziri madaraka makubwa mno na itawaumiza wananchi. Ni kweli, lakini mjumbe afanye nini na sentensi hiyo? Sasa linganisha na pendekezo hili: “Waziri anaweza, baada ya kushauriana na wadau, kuweka ada za leseni kwa kanuni zitakazochapishwa katika Gazeti la Serikali, na ada hizo hazitaanza kutumika kabla ya kupita siku 60 tangu kuchapishwa.” Sababu yake iandikwe kwa sentensi mbili tatu: kwamba mwenye gari huingia mikataba ya miezi kadhaa, kwamba ada ikibadilika ghafla hawezi kuirudisha kwenye bei, na kwamba muda huo hauigharimu Serikali mapato ila unampa mlipaji nafasi ya kujipanga. Pendekezo hilo halimnyang’anyi Waziri madaraka yake, linayawekea utaratibu tu, na kwa hiyo Waziri anaweza kulikubali bila kuonekana ameshindwa.

Chagueni ibara chache. Kikundi kinacholeta mapendekezo 40 huwaachia wengine kazi ya kuamua lipi ni muhimu kwake. Mkifika mbele ya Kamati, msemaji awe mmoja, aseme jambo zito kwanza, na ajibu maswali ya wajumbe kwa kifupi. Akiulizwa asilolijua, aahidi kuleta jibu kwa maandishi na alilete siku inayofuata.

Mambo ya fedha

Hapa watu wengi hupoteza nguvu bila kujua. Ibara ya 99 ya Katiba inazuia Bunge kushughulikia muswada au hoja ya kutoza kodi, kuongeza kodi au kuongeza matumizi kutoka Mfuko Mkuu wa Hazina, isipokuwa Rais awe amependekeza jambo hilo na limewasilishwa na Waziri. Kupunguza kodi hakumo katika zuio hilo. Kwa hiyo ukimwomba Mbunge wako apendekeze kuundwa kwa mfuko mpya utakaotoa ruzuku kutoka Hazina, unamwomba jambo ambalo Kiti, yaani Spika au anayeongoza kikao, kitalikataa hata kama wabunge wote wanalipenda. Pendekezo la aina hiyo lipelekwe kwa Waziri.

Bajeti nayo ina kalenda yake. Mwaka wa fedha huanza tarehe 1 Julai, na mkutano wa bajeti huchukua kuanzia Aprili hadi mwisho wa Juni. Hotuba kuu ya bajeti husomwa katikati ya Juni, na Muswada wa Sheria ya Fedha, wenye mabadiliko ya kodi na tozo, hupitishwa kabla mwezi haujaisha. Hizo ni siku chache sana. Mwenye hoja ya kodi aipeleke Wizara ya Fedha miezi mingi kabla, wizara inapokusanya mapendekezo, kisha airudie mbele ya Kamati ya Bajeti. Ifahamike pia kwamba Bunge likikataa kupitisha bajeti, Rais anaweza kulivunja. Ndiyo maana kura ya bajeti hupigwa kwa kuita majina, na ndiyo maana ni vigumu kwa Mbunge kusema “hapana” kwa bajeti nzima kwa ajili ya tozo moja.

Ukumbini

Muswada unaposomwa kwa Mara ya Pili, Waziri hutoa hoja, Mwenyekiti wa Kamati husoma maoni ya Kamati, Kambi Rasmi ya Upinzani hutoa yake ikiwa ipo, na wabunge huchangia. Soma maoni ya Kamati kwa makini, kwani humo utaona lipi katika mapendekezo yako limechukuliwa. Bunge kisha hukaa kama Kamati ya Bunge Zima, Spika akiitwa Mwenyekiti, na ibara hupitiwa moja baada ya nyingine. Mambo huenda mbio. Katika Taarifa Rasmi (Hansard), yaani kumbukumbu za yanayosemwa Bungeni, utakuta ibara nyingi zimefuatwa na mstari mmoja tu kwenye mabano, kwamba zilipitishwa na Kamati ya Bunge Zima bila mabadiliko yoyote. Ukitaka Mbunge alete marekebisho hapa, lazima yawe yamewasilishwa kwa maandishi kabla, katika jedwali lake. Hawezi kusimama na kuyatunga papo hapo. Mpe maneno kamili na sababu mapema. Kusomwa kwa Mara ya Tatu ni kukamilisha.

Baada ya kupitishwa

Bunge lina sehemu mbili, Rais na Wabunge, na muswada hauwi sheria bila kibali cha Rais. Ibara ya 97 inaeleza kwamba Rais akikataa, huurejesha pamoja na maelezo ya sababu, na hautapelekwa kwake tena kabla ya miezi sita kupita isipokuwa uungwe mkono na theluthi mbili ya wabunge wote. Ukirudi kwa njia hiyo, Rais anapaswa kuukubali ndani ya siku 21, la sivyo alivunje Bunge. Kuandika barua Ikulu katika hatua hii kunaruhusiwa, lakini kwa kuwa muswada ulitoka katika Baraza la Mawaziri analoliongoza Rais mwenyewe, usiweke matumaini makubwa hapo.

Kutiwa saini na kuanza kutumika ni mambo mawili. Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ilipitishwa na Bunge mwezi Novemba 2022, ikaanza kutumika tarehe 1 Mei 2023. Katika kipindi hicho cha katikati ndipo kanuni huandaliwa, na kanuni ndizo hubeba mambo ambayo mwananchi hukutana nayo dirishani: fomu, ada, muda wa maombi. Hazipiti katika mjadala wa ukumbini kabla ya kuanza kutumika. Waziri huzitunga, huchapishwa katika Gazeti la Serikali, na Kamati ya Sheria Ndogo huzichambua baadaye. Kwa hiyo mara sheria inapotiwa saini, andika wizarani kuomba rasimu ya kanuni na nafasi ya kuzitolea maoni. Ukinyamaziwa, itumie Sheria ya Haki ya Kupata Taarifa ya mwaka 2016, inayomtaka mwenye taarifa kujibu ombi ndani ya siku 30.

Na kama sheria inakwenda kinyume na Katiba, ipo Mahakama Kuu. Mwaka 2016 mwanaharakati Rebeca Gyumi alishinda shauri dhidi ya vifungu vya 13 na 17 vya Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971, vilivyoruhusu msichana kuolewa akiwa na miaka 15 kwa ridhaa ya mzazi, na hata 14 kwa kibali cha mahakama; Serikali ilikata rufaa, na Mahakama ya Rufani ikaitupa mwezi Oktoba 2019. Mabadiliko ya sheria ya mwaka 2020 yalimtaka anayefungua shauri la haki za msingi aeleze kwa kiapo jinsi yeye binafsi alivyoathirika, lakini Mahakama ya Rufani ilibatilisha sharti hilo mwaka 2025. Tunza barua zote mlizoandika, tangazo la Kamati, jedwali lenu la mapendekezo na kurasa za Taarifa Rasmi zinazohusu ibara hizo, kila moja ikiwa na tarehe yake, kwa kuwa wakili wa kesi ya namna hiyo atazihitaji tangu siku ya kwanza, na kikundi chenu kitazihitaji tena sheria hiyo itakapoletwa kurekebishwa.